Kimea cha Jiwe la Kinyangiri

Mjukuu wangu Tumaini,

Shikamoo yako imefika, marahaba. Mama yako hajambo, anafukuza ndege kwenye uwele. Mimi ni uchovu tu na magoti.

Unauliza kwetu ni wapi. Nilipokimbilia huku niliendelea na kazi yangu, kuchunguza vimea visivyo na maua wala mbegu. Cha kwanza nilikichuma hapa Kinyangiri, nikakikausha, halafu kwenye lebo, panapoandikwa mahali kilipochumwa, nikaandika kilima chetu cha Burundi. Babu yako, wakati huo mwenyeji aliyenibebea mfuko tu, akasema taratibu, "Dada, hiki umekitoa kwenye jiwe letu."

Katika kazi yetu lebo haifutwi. Nilikata jina lile kwa mstari mmoja, nikaandika Kinyangiri chini yake. Mpaka leo yote mawili yanasomeka.

Bibi yako