Jina la Baba Salim

Ibra, Oman

Mdogo wangu Zuwena,

Kama hukunipa shikamoo ulipoifungua barua hii, nipe sasa. Marahaba. Goti vipi? Na ile dawa unainywa, au unaimwagia maua? Huku wazima, ila shemeji yako Baba Salim yuko vilevile kitandani. Kiharusi kimemwachia macho tu, nayo yanatazama dari.

Mimi niko ndani. Ukuta mrefu, geti la chuma, jua la nje tanuri. Hata kwa jirani mpaka nipelekwe kwa gari. "Pumzika, mama," ananambia Salim. Nipumzike nini, miye jiwe?

Ulijua nakuja kukaa nawe. Salim keshakubali, tiketi keshakata, babake angelishwa na yule msichana wa Tanga anayetusaidia. Basi sikiliza kilichonitia pingu.

Ijumaa mjukuu wangu Rahma kaniwekea filamu ya Kihindi. Nikashika leso yangu ya machozi, kama tulivyokuwa tukienda sinema siku ya wanawake peke yao. Nangoja waimbe, wapi! Bibi kizee anamkata mumewe kucha. Kidole hiki, kidole kile.

"Rahma, nyimbo ziko wapi?"

"Hii haina, bibi. Hii ya mapenzi."

"Mapenzi gani, mtu anakatwa kucha?"

Mara yule kizee kainama, kamwita mumewe kwa jina lake. Zuwena, nilijifunika uso kwa mtandio! Hakuna busu, hakuna bega wazi, nami naona haya kama niliyefungua chumba cha watu. Unajua mama alivyotulea: jina la mume halitoki mdomoni.

Rahma kacheka. "Bibi, hujapata kumwita babu?"

"Funga domo lako."

Asubuhi nampa Baba Salim uji, mlango nimeushindika. Nikamwita. Jina lake khasa. Akageuza macho, wallahi, yakanitazama mimi, na mdomo akafungua mwenyewe. Mchana yule msichana kajaribu kumlisha: mdomo kaufumba. Nikiita mimi, anakula.

Tiketi nimemwambia Salim airudishe. Chumba changu mpangishe mtu, asiwe mvuta sigara. Na usinililie, nimeshalia mwenyewe bafuni.

Nisalimie mumeo, na mwanao fundi cherehani. Mwambie gauni langu la kufikia huko aache kulishona, akupunguzie wewe.

Usiniulize nilimwitaje. Kwenye karatasi jina lake siliandiki.

Ni mimi dada yako,
Mama Salim