Kigingi wa Mlingoti wa Kushoto

Kwako kaka yangu mpendwa,

Natumai barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji na watoto, na kwamba lori halijakuua mgongo. Mimi mzima, tena nimezidi uzuri, bisha uje uone. Mama hajambo. Anasema ukipiga simu usianze na mimi, maana namaliza maneno yote.

Habari yenyewe ni kwamba tumepanda. Timu uliyoiacha iliposhuka daraja imerudi ligi kuu, nami nimo. Nikianza kujisifu karatasi haitatosha.

Huku chini tumekiona. Wachezaji sita walihama wiki moja, kocha akawafuata. Tukaletewa mwalimu mstaafu wa hesabu, anayepima goli kwa kamba kabla ya mechi na kumwonyesha refa. Kuna uwanja tulisubiri mbuzi wamalize kula ndipo tukaanza. Kwingine bafu halikuwa na maji, dereva wa basi akatukalisha juu ya magazeti na matope yetu.

Wenzangu wameniita Kigingi. Kila tukipigiwa kona nasimama kwenye mlingoti wa kushoto, sing'oki. Kocha alinisihi nisogee mbele, nikamwambia atafute mwenye miguu mirefu. Mechi ya mwisho tulihitaji sare tu. Dakika ya tisini wakapata kona, mpira ukampita kipa, ukanikuta tumboni. Kipenga kikalia, wakanibeba kama godoro. Huko juu nikalia, wakadhani ni furaha.

Kaka, ile kona ya mwaka jana iliyotushusha, uliwaambia watu kwamba ulisahau kuweka mtu mlingotini. Wakakuita Geti Wazi mpaka ukavua glavu ukaenda kushika usukani. Hukusahau. Uliniita, tena mara mbili, na nilikusikia vizuri. Nilikuwa nimeambiwa jukwaani yupo mtu anayetafuta wachezaji, ana daftari, basi nikatangulia mbele nipate mpira nionekane. Kumbe yule bwana alikuja kukagua taa za uwanja.

Sijui kama uliamini kweli kwamba umesahau, au ulinifichia. Nikifikiria la pili, chakula hakishuki.

Juzi niliyasema yote mbele ya timu. Kisha kocha akasema sasa hesabu ya mwaka jana imemkalia sawa. Kipa wetu ana miaka arobaini na moja, anastaafu. Golini hajawekwa mtu. Mazoezi ni Jumatatu ya kwanza ya mwezi ujao, na wote wamesema uje. Nililala usiku ule kama mtoto aliyeshiba.

Adhabu nimepewa: nifue jezi za timu nzima, peke yangu, mpaka siku utakayorudi. Kwa hiyo ukitaka kulipa kisasi, chelewa.

Msalimie shemeji, wabusu watoto, na Mama anakuombea barabara njema.

Ni mimi mdogo wako, mikono imechubuka kwa sabuni.