Clara Nystrom, Meli Iliyoondoka Bila Kupiga Honi

Mwaka umekatika tangu uvutwe kwenda kukatwakatwa, Clara Nystrom, na majirani bado wanakugombania juu ya uzio.

"Ulimng'oa ulimi, Norbert!" Ndivyo mama yetu, Loda Wrobel, alivyokuwa akimfokea jirani yake Jumamosi iliyopita, mwiko mkononi. "Meli inakwenda kuzikwa, wewe unapanda na spana kuifungua honi!"

"Niliinunua, Loda. Wangeiyeyusha pamoja na masufuria."

"Na sasa iko wapi? Kwenye maua! Kapteni mzima, bustani kama ya muuza vyuma chakavu!"

Mtaa mzima ulikuwa umeshatoka barazani, wengine na vikombe vyao vya kahawa. Hapa kwetu Ziwa Huron ugomvi mzuri haupitwi. Lakini kabla hatujakuambia ulivyoishia, Clara, tuseme kwanza ulikuwa nani kwetu.

Ulikuwa meli ya mizigo ya ziwani, ndefu kuliko mtaa wetu, nzito kama ng'ombe mwenye mimba. Ulishuka na mawe ya chokaa, ukapanda na makaa, ukarudi na madini ya chuma, mwaka baada ya mwaka, mpaka rangi yako ya asili ikawa haikumbukwi na mtu. Machi barafu ikipasuka uliwachukua wanaume wetu. Januari uliwarudisha wakinuka grisi, wageni kwa watoto wao wenyewe. Ndiyo maana karibu watoto wote wa mtaa huu tumezaliwa Oktoba na Novemba, na mwalimu wa darasa la kwanza alikuwa akioka keki moja ya siku ya kuzaliwa kwa darasa zima. Kila mtu alijua sababu, na hakuna aliyeona haya.

Ulitulisha. Viatu vyetu, makoti ya baridi, meno ya bandia ya bibi, vyote vilitoka tumboni mwako. Ulikuwa na vituko vyako pia. Ukiwa mtupu uliyumba kama mlevi anayetafuta ufunguo, na mabomba yako yalitoa maji ya rangi ya chai. Mpishi wako alioka pai za tufaha ambazo wanaume walikuja kuzisifia mezani kwetu, hadi wake zao wakakuonea wivu.

Na ulikuwa na honi. Ukipita mbele ya mji, Norbert Kroll, nahodha wako, alivuta kamba: tatu ndefu, mbili fupi. Mama alikimbilia swichi ya taa ya baraza, akawasha na kuzima, akawasha na kuzima. Baba yetu, Florian, hakuwahi kuiona taa ile. Kazi yake ilikuwa chini kabisa, kwenye handaki lililo chini ya shehena, akitunza mkanda wa kushushia mzigo. Ila Norbert alimpigia simu ya ndani kila mara: "Taa imewaka, Florian. Mkeo bado anakutaka."

Kisha ukamuua. Hatuwezi kukuandikia kumbukumbu tukaliruka hilo. Novemba moja, umejaa makaa, lango la chuma juu ya kichwa chake liliachia, makaa yakamfukia. Walimchimbua kwa mikono.

Ukiwa umejaa namna ile, bandari yetu haikuwa na kina cha kukupokea, kwa hiyo ulipita nyumbani naye ukielekea bandari nyingine. Mama alikuona. Aliwasha taa. Kimya. Akawasha tena, akadhani balbu imeungua. Akapanda kiti, akaibadilisha. Alipomaliza, ulikuwa umeshapotea nyuma ya rasi. Simu kutoka kwa wenye meli ilikuja baadaye, na ilimkuta bado ameshika balbu ya zamani, akiitikisa sikioni asikie kama imekatika.

Mwaka jana, tagi, meli ndogo ya kukokota nyingine, lilipokuvuta upite mara ya mwisho bila moshi wala mtu, mama alisimama tena kwenye swichi ile ile. Mazoea hayajui uzee. Aliwasha, akazima, akasubiri. Hakukumbuka kuwa meli isiyo na moto haina mvuke, na isiyo na mvuke haisemi. Alichojua ni kwamba honi yako ilikuwa kwa Norbert, katikati ya maua.

Sasa turudi uzioni.

"Mara mbili, Norbert!" mama alisema. "Mara mbili nimesimama pale kama mjinga. Ya mwaka jana nakusamehe, chombo kilikuwa maiti. Lakini siku ile ulikuwa na mvuke. Kwa nini hukupiga?"

Hakuwahi kumuuliza, miaka yote hiyo wakigombania majani, theluji na mbwa. Barazani vikombe viliacha kugongana.

"Ningepigaje, Loda?" Norbert alishika uzio. "Florian alikuwa juu ya meza ya chakula, nimemfunika shuka langu. Ningepiga, ungewasha taa. Ningeiona. Ningemwambia nani?"

"Ningefurahi."

"Ndiyo. Ungefurahi. Ndiyo maana."

"Ungeniachia furaha hiyo moja," mama alisema. "Ilikuwa yangu." Akaingia ndani, mlango ukalia.

Leo mchana Norbert ameonekana akiburuta mashine ya upepo ya fundi matairi kutoka barabara kuu, amekataa kusaidiwa. Ameunga mpira kwenye honi yako. Tatu ndefu, mbili fupi. Haikuwa sauti yako, Clara. Upepo si mvuke, na honi ilikohoa kama mzee aliyeamshwa. Mbwa wote wamelia. Tumesubiri, tukadhani mama hatasikia au hatataka.

Taa ya baraza imewaka. Ikazima. Ikawaka.

Norbert amevua kofia, akauambia udongo wa bustani yake, "Taa imewaka, Florian."

Mbavu zako huenda sasa ni milango ya magari, na wanaoyaendesha hawakujui. Sisi tunakujua. Kwa mkate uliotupa na kwa mtu uliyemchukua, hutatutoka moyoni, hata siku tutakapotaka utoke.

Tunaokukumbuka ni Loda, uliyemfanya mjane. Bernadine, Clement na Genevieve, watoto wa Oktoba. Wajukuu ambao hawakuwahi kumwona babu yao. Na Kapteni Norbert Kroll, ambaye tangu mkewe afariki anakula maharage ya kopo kwa kusimama, na ambaye tunapoandika haya yuko kizingitini, kofia mkononi, hajui aingie au arudi, na mama anamwambia kutoka jikoni:

"Mbona unasimama hapo kama polisi? Kabichi za nyama zinapoa. Vua viatu, Norbert, ingia ule."