Ukuta wa Baba Mdogo na Amri ya Hakimu

Nyumba ya nyuma ya karakana,
S.L.P. 114.
12 Juni

Mpendwa dada,

Hujambo huko? Shemeji na mapacha wazima? Kile kikohozi kimekuachia? Huku tu wazima, ila tulitikisika kidogo.

Baba yako, yaani baba mdogo wangu, nusura afungwe. Mama yako hakukwambia, hakutaka uhangaike. Mimi nilikuwepo mahakamani, benchi la mbele, kwa hiyo nakupa yote.

Unajua alikuwa akijenga ukuta kati ya nyumba yake na ya dada yake, shangazi. Shangazi akasema unaziba dirisha lake la jikoni na umeingia kiwanjani kwake, akafungua kesi. Kesi yenyewe bado haijasikilizwa, ila hakimu akatoa zuio la muda: ujenzi usimame ulipofika. Karani akaleta amri saa nne asubuhi. Baba mdogo akaisoma, akasaini, akaacha na alama ya dole lenye saruji, kisha akarudi ukutani. Eti saruji ilishachanganywa, hawezi kuiacha igande. Si unamjua!

Shangazi akamshtaki kwa kudharau amri ya mahakama. Nilidhani hakimu atafoka. Wapi! Akauliza kwa upole, "Fundi, saruji ikishachanganywa inafaa kwa muda gani?"

Kuulizwa mambo ya kazi yake, uso ukamchangamka. "Saa moja na nusu, mheshimiwa. Zikifika mbili, mimi siigusi."

"Na siku ile ulishuka saa ngapi?"

"Saa kumi."

Nilitamani nimzibe mdomo. Kumbe alichanganya nyingine, tena na tena, amri ikiwa mfukoni.

Hakimu akampa siku saba abomoe kwa mkono wake mistari yote ya tofali aliyojenga baada ya kusaini, la sivyo mwezi mmoja ndani. Nikajiuliza, abomoe kwa nini, na huenda kesi akaishinda? Nilimfuata karani hadi mlangoni. Akasema amri usiyoikubali unaenda kuomba ifutwe, lakini maadamu ipo, unaitii. Nimeiwaza kauli hiyo wiki nzima.

Siku tano baba mdogo hakugusa kitu wala hakula vizuri. Mama yako akawa analia. Siku ya sita akapanda, karani akishuhudia, shangazi yuko dirishani. Tulijua ni mistari mitatu, ndiyo shangazi aliyoitaja mahakamani. Wa tatu ulipoisha, karani akafunga daftari. Baba mdogo akaendelea.

"Fundi, imetosha."

"Huu nao niliujenga baada ya kusaini. Dada yangu hakuuona, alikuwa sokoni."

Shangazi akatoka nje, akanyoosha mikono, akapokea tofali. Hawajapatana, dada, na kesi ni mwezi ujao. Lakini mstari ule wa nne waliushusha pamoja, mmoja juu, mmoja chini. Mimi nililia.

Nisalimie shemeji, mapacha, na yule mjomba mcheshi. Mungu awafunike nyote kwa amani.

Ni mimi, mdogo wako anayekupenda bila kipimo,
Kwanini