Eriali Aliyoigeuza Babu

Kahindi,

Uji uko kwenye chupa. Funga mlango wa nyuma, paka wasiingie.

Nampeleka babu yako zahanati ya Makadara, mguu umevimba. Jana mchezo wako wa ndege ulikataa kufunguka, ukabadilisha rangi za kompyuta, skrini ikajaa mistari, ukalalamika mpaka nyumba nzima ikasikia. Naye babu akasikia. Alfajiri, wewe umelala, akapanda juu ya bati kugeuza eriali ya televisheni, ati picha yako itulie. Bati lilikuwa na umande. Akateleza.

~~Hiyo kompyuta naiuza leo.~~ Hapana, usinisikize, nimechoka tu. Ukiiwasha bonyeza kitufe cha F8, uingie Safe Mode, ile hali ya kurekebishia kompyuta ikiharibika, urudishe rangi 256 na saizi ya skrini 640 kwa 480 kama zilivyokuwa. Wala usiipige makofi.

Eriali iache alivyoigeuza. Taarifa ya habari itakuwa na chengachenga, tutavumilia.

Sasa hivi yuko mlangoni, ameegemea ukuta, ananiuliza, "Picha ya mtoto imetulia?"

Nimemwambia imetulia. Tukirudi, nisiwe nimemdanganya.

Mama yako