Uliyemsimamia Mahakamani

Manzese, Dar es Salaam

Kwako Baba Lusajo,

Habari za huko Kawetele, na mvua, na kifua cha mama? Mimi mwili ni mzima, ila joto la huku linanichosha. Viazi ulivyompa dereva vimefika. Ndaga fijo, asante sana.

Barua yako nimeisoma nikiwa nimekaa juu ya belo la mitumba. Unasema umerudishwa kazini, kwa hiyo niache hii biashara iliyonileta huku walipokufukuza, nirudi tulee watoto. Nilifurahi, baba. Nilifurahi mpaka alipofika dada yako Tumpe na kunisimulia yale uliyoyaacha.

Wewe umeandika tu kwamba kesi imekwisha vizuri. Wifi alikuwepo mahakamani. Anasema mkuu wako wa shule, yule mama mjane, aliitwa ajieleze kwa nini asifungwe kwa kudharau mahakama, maana iliamriwa urudi kwenye ukarani wako pale shuleni na yeye akakufungia geti. Akajibu kwamba amri hakuipata. Hakimu akamuuliza, ni nani basi aliyekuja na karatasi ukamkimbia mbele ya wanafunzi? Mama wa watu kimya, kichwa chini. Hakimu ni mtu wa Pwani, akaona anadharauliwa mara ya pili, tena usoni. Akasema apelekwe rumande.

Hapo ukasimama wewe, wewe mwenyewe uliyeshtaki. "Mheshimiwa, tarishi wako ni baba mkwe wake. Kwetu mke wa mtoto haonani na baba mkwe, wala hatamki jina lake. Hakuweza kuipokea kutoka mkononi mwa mzee huyo, na sasa hawezi kumtaja." Amri ikapelekwa na mtu mwingine, geti likafunguliwa. Wifi anasema ulieleza vizuri mpaka yule mama akajifuta machozi kwa kanga.

Wivu umenikaba, sikufichi. Sisemi unamtaka. Wifi ameapa hakuna kitu, na nimemhoji mpaka amekasirika. Ninachomwonea wivu ni yale maneno.

Unakumbuka zahanati, siku Lusajo alipochemka homa? Nesi alikuwa mgeni wa huko, akaniuliza jina la ukoo wa mtoto, na jina lenyewe ndilo la baba yako. Nikanyamaza. Akaniita mshamba, akanirudisha mwisho wa foleni na mtoto mgongoni. Wewe ulikuwa umeegemea mlango. Ukacheka, ukatoka nje kuvuta sigara.

Na njia ngapi nimeziacha nikaingia migombani kwenye tope, tena na mimba, ili mzee apite? Nimefanya hivyo tangu uliponioa na sijalalamika, ndiyo heshima yetu. Lakini hujawahi kumwambia mtu yeyote, "Mwacheni mke wangu, ana sababu." Nilidhani ndivyo ulivyo, mtu asiyejua kusema. Kumbe maneno unayo, tena matamu, ila umekwenda kumpa mwanamke aliyekufungia geti.

Ulitenda haki, najua. Ndiyo maana inaniuma zaidi. Ungekuwa umekosea ningekugombeza, nikapumua, yakaisha.

Mama msalimie sana, dawa ya kifua nitamletea. Waambie watoto viatu vyao nimeshavichagua. Wifi anakusalimu, ingawa anasema simwachi apumzike. Na mzee, yule nisiyemtaja, msalimie kwa mbali kama siku zote.

Nitarudi, Baba Lusajo. Nikimaliza kuuza belo hili nakata tiketi. Mdogo wake Lusajo anaanza darasa la kwanza, nami nataka tuongozane sote watatu kwenda kumwandikisha. Mwalimu ataniuliza jina la ukoo wa mtoto. Nitanyamaza, halafu nitakugeukia wewe.

Mkeo,
Mama Lusajo