Nyumba Moja kwa Bei ya Tatu

Kambini, 9 Februari 2014

Mama Kidoti, mke wangu,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye vumbi. Natumai wewe na binti yetu hamjambo, na lile jino lake limeshatoka bila kelele. Mimi mzima, ila mgongo unanikumbusha kila asubuhi kwamba sufuria za watu mia mbili haziinuliwi kwa maneno.

Nimeona niandike badala ya kupiga simu. Unaijua simu ya hapa: iko ukutani mlangoni pa bwalo, na nyuma yako wanaume kumi wanasubiri zamu, wote wakijifanya hawasikii. Mambo ya nyumba yangu sitaki yawe kitoweo cha wachimba madini.

Mwezi ujao mkopo wetu unatimiza miaka sita. Nimekuwa nikipiga hesabu huku nakoroga supu. Tulikopa milioni arobaini kwa miaka ishirini. Miaka sita si haba, ni karibu theluthi ya safari. Kwa hiyo deni litakuwa limebaki kama milioni ishirini na nane, kama sijakosea. Mkataba wangu unaisha Juni. Nikijua tumebakiza kiasi gani, nitajua kama nifunge mzigo nirudi au niendelee kukaza mkanda. Nakuomba uende benki ukaulize, wakupe jibu kamili.

Niandikie pia nyumba ikoje. Mlango wa jikoni bado unakwama mvua ikinyesha? Fundi umeme ninayelala naye chumba kimoja amechoka na habari za sebule yangu. Anasema naisimulia kama mtu aliyeiona kwenye filamu. Ni kweli. Kwa likizo zangu zote mbili, nimelala humo miezi miwili.

Mbusu Kidoti.

Mumeo,
Baba Kidoti


Nyumbani, 16 Machi 2014

Baba Kidoti, mume wangu,

Barua yako imefika na tumefurahi kusikia u mzima, tukiacha huo mgongo. Upake dawa, usijifanye kijana. Sisi hatujambo. Jino limetoka, amelimeza pamoja na mkate. Mlango wa jikoni bado unakwama. Nimejua mahali pa kuupiga bega.

Benki nilikwenda baada ya zamu, mikono bado inanuka sabuni ya dobi ya hospitali. Afisa mikopo ni binti mdogo mwenye adabu zake. Nilipomuuliza tumebakiza ngapi, aligeuza kompyuta nijionee. Nilidhani amefungua akaunti ya mtu mwingine.

Tumelipa karibu milioni thelathini na nane. Tunadaiwa karibu milioni thelathini na saba.

Soma tena, mimi pia nilirudia.

Alinieleza polepole, bila dharau. Riba hupigwa juu ya deni lililobaki. Mwanzoni deni ni kubwa, basi riba inakula karibu kila tunachopeleka. Mwezi ule wa kwanza tulilipa laki tano na elfu ishirini na sita. Laki tano nzima ilikuwa riba. Kilichobaki ndicho kilichopunguza deni. Miaka sita yote imepunguza milioni tatu. Tukienda hivi mpaka mwisho, tutakuwa tumelipa milioni mia moja na ishirini na sita. Ni nyumba tatu hizo, Baba Kidoti, na tunakaa moja. Wewe hata hiyo moja huikai.

Nikamuuliza kama kuna kosa mahali. Akanitolea mkataba, na sahihi yako na yangu zipo chini. Hakuna aliyetuibia. Yote yalikuwa yameandikwa, ila siku ile sisi tulisikia neno "nyumba" tu.

Nilitoka nikakaa kwenye benchi la nje. Mlinzi akaniuliza kama naumwa. Nikamwambia hapana, namsubiri mtu. Sijui kwa nini nilisema hivyo.

Jambo jingine, si kubwa. Mwalimu aliwauliza watoto darasani baba zao wanafanya kazi gani. Wenzake wakasema dereva, askari, muuza duka. Kidoti akasema, "Baba yangu analipa nyumba." Mwalimu alinisimulia akicheka. Nami nikacheka naye.

Rudi Juni. Tutajua la kufanya ukiwa hapa.

Mkeo,
Mama Kidoti


Kambini, 20 Aprili 2014

Mke wangu,

Hujambo? Kidoti hajambo? Mimi sijambo.

Barua yako niliisoma stoo, nimekaa juu ya gunia la vitunguu. Nilikukasirikia wewe kwanza, kisha yule binti wa benki, kisha nikabaki sina wa kumkasirikia. Nikamwomba karani wa mishahara apige hesabu. Akatoa jibu lile lile.

Lakini Mama Kidoti, maji tumeshayavulia nguo. Mtu hali ng'ombe mzima akashindwa na mkia. Nimeuliza zaidi: tukiongeza kiasi juu ya rejesho la kila mwezi, ile nyongeza inakwenda moja kwa moja kwenye deni, na riba inapungua yenyewe. Sasa mpishi mkuu ameondoka, na nafasi yake wamenipa mimi. Mshahara umepanda. Tutaongeza laki na nusu kila mwezi na tutamaliza kwa miaka isiyofika minane badala ya kumi na minne. Tutakuwa tumeikata riba miguu.

Kwa hiyo nimesaini miaka mitatu mingine. Walitaka jibu siku ile ile, na foleni ya simu ilikuwa ndefu. Najua ungependa tuzungumze kwanza. Nimefanya kwa ajili yenu.

Likizo itakuwa mwakani, wakinipatia mtu wa kushika jiko.

Mumeo,
Baba Kidoti


Nyumbani, 7 Desemba 2014

Baba Kidoti,

Natumai barua hii inakukuta salama. Sisi wazima sasa.

Nimekaa miezi kimya, na kwenye simu nimekujibu "hatujambo" kila ulipouliza. Wale wanaume kumi waliisikia hiyo "hatujambo", nawe ukaipokea. Sasa nakuandikia yale yasiyosemeka mlangoni pa bwalo.

Mwezi wa nane nilipasuliwa tumbo. Kidole tumbo kilikuwa kimeshaoza. Nilianguka kazini katikati ya mashine za kufulia, kwa hiyo hawakunibeba mbali. Wenzangu wa dobi walinichagulia mashuka mapya. Wakasema nimeyanyoosha ya watu miaka yote, na mimi sasa nilalie yangu. Muuguzi akauliza mume wangu yuko wapi aje asaini. Nikasaini mwenyewe. Kidoti alikaa kwa jirani yetu mshona viatu na mkewe, na hakulia. Aliniambia alikuwa amezoea kuona watu wakiondoka.

Sikukwambia kwa sababu ungeshindwa kuja, na ningejua umeshindwa. Niliona heri nisijue.

Nilirudi nikaikuta nyumba imenyamaza. Vyumba vitatu, na sisi tunalala kimoja. Chumba chetu mimi na wewe nimekifunga, nakifungua siku ya kufagia. Siku moja nilimwita Kidoti toka jikoni, sauti ikazunguka mle ndani yote, yeye yuko nyuma yangu tu.

Nimeifikiria hesabu yako ya nyongeza. Nilirudi hata kwa yule binti, naye akasema umepiga sawasawa. Miaka minane. Kidoti atakuwa na kumi na mitano. Na ule si mkia, Baba Kidoti. Ng'ombe bado amesimama.

Amepatikana mnunuzi. Ni mfamasia aliyefiwa na mke, ana watoto wanne na mama yake mzazi. Anatoa milioni hamsini na tano. Tukilipa benki na gharama za kuhamisha hati, tunabaki na kama kumi na saba. Mbele ya hospitali kuna chumba cha biashara kinapangishwa; wauguzi na sisi wa dobi hatuna pa kula, tunakula tumesimama. Mpishi wa watu mia mbili hawezi kushindwa na watu thelathini.

Utasema tumetupa miaka sita. Imeshakwenda, hata tukibaki. Mimi naogopa hii inayokuja.

Nyumba ina majina mawili, siwezi kuuza peke yangu. Karatasi nimeiweka humu. Panapotakiwa sahihi yako nimepawekea alama ya kalamu.

Mkeo,
Mama Kidoti


Nyumbani, 25 Januari 2015

Baba Kidoti,

Hujambo? Sisi hatujambo, na safari hii ni kweli.

Nilipiga simu, nikaambiwa uko jikoni. Nikapiga tena, nikaambiwa uko jikoni. Hilo jiko siku hizi halina mlango?

Mfamasia anasubiri hadi katikati ya Machi. Kama hutaki, niandikie hutaki. Neno moja linatosha. Nitalifunga hili nisikusumbue tena.

Mama Kidoti


Kambini, 1 Machi 2015

Mke wangu,

Nisamehe kwa ukimya. Kovu linaendeleaje? Nimejaribu kuuliza hilo kwenye karatasi tatu, zote nimezichana, kwa sababu swali lenyewe limechelewa miezi saba.

Karatasi uliyotuma ilikaa chini ya godoro langu tangu ilipofika. Nilijiambia naitafakari bei. Bei haina ubaya. Acha nikueleze kilichonishika.

Unamkumbuka fundi umeme mwenzangu wa chumba? Mwaka jana alimaliza kulipia nyumba yake. Yote, mpaka senti ya mwisho. Tulimfanyia sherehe, nikaoka mkate mkubwa kama meza, akapanda gari akaenda zake. Januari nikaingia chumbani nikakuta sanduku lake limerudi, naye amekaa kitandani pake. Nikamuuliza kama amefiwa. Akasema hapana, wote wazima. Kisha akasema, "Nilifika kwangu nikawa mgeni. Nikiingia sebuleni wananyamaza, wananipisha kiti. Wanangu walikuwa wananiuliza naondoka lini, kwa heshima kabisa."

Akazima taa akalala. Tangu hapo hajalitaja tena.

Mama Kidoti, nimekula kwa kengele na kulala kwa kengele karibu miaka saba. Sijui tena mtu akae vipi na mke jioni nzima, waongee nini. Kidoti nikiongea naye simu tunamaliza maneno kabla dakika hazijaisha. Nilikuwa namwambia kila mtu kwamba nalipia nyumba. Sasa naona nyumba ilikuwa inanipa sababu. Ikiisha, itabidi nije mwenyewe, mikono mitupu, na hicho ndicho nilichokuwa nakiogopa huku nimekalia karatasi yako.

Nimesaini. Iko humu. Nimetoa na notisi. Bonasi ya kumaliza mkataba nimeipoteza, na ninaondoka mwisho wa Aprili.

Usinitarajie mtu yule uliyemsindikiza. Nitahitaji kufundishwa.

Mumeo,
Baba Kidoti


12 Aprili 2015

Mume wangu,

Salamu zangu na za Kidoti. Tuko wazima, kovu limekauka, linawasha tu siku za baridi.

Nyumba imeuzwa. Nilimkabidhi mfamasia funguo, na kabla sijatoka getini watoto wake walikuwa wameshagombana nani achukue chumba kipi. Bibi yao ameuteka mlango wa jikoni, anasema ataurekebisha mwenyewe. Nilifikiri nitalia. Nikasikia wepesi, kisha baadaye njiani ndipo nikalia, wala si sana. Yule binti wa benki alinipigia muhuri karatasi ya kumaliza deni, akaniambia, "Pumzika sasa, mama."

Tumepanga vyumba viwili nyuma ya karakana ya mshona viatu. Ukuta ni mwembamba, nyundo inaanza asubuhi na mapema. Kidoti anaipenda, anasema hapa hata tukinyamaza kuna mtu. Chumba cha biashara nimeshakilipia miezi mitatu. Jiko lake ni dogo na bomba linavuja. Nimeliacha livuje, upate pa kuanzia.

Jana Kidoti aliniuliza kama baba yake anakoroma. Nilifungua mdomo nimjibu, nikagundua sikumbuki. Hilo liliniuma kuliko kutoa funguo.

Kwa hiyo usidhani utakuta mwalimu huku. Na mimi nimezoea kulala katikati ya kitanda, na kula nimesimama, na kutomwambia mtu nimechelewa kwa nini. Ukinyamaza jioni, nitanyamaza na mimi, mpaka mmoja wetu achoke. Kama Kidoti akikuuliza unaondoka lini, usikasirike. Ndilo swali pekee analojua kwamba baba huulizwa.

Nimekuchorea njia nyuma ya karatasi hii, kutoka kituo kikuu cha mabasi hadi kwetu. Ukipotea, uliza kwa mshona viatu.

Kama ulitoka siku uliyosema, barua hii huenda isikukute. Ikikukuta bado uko, isome, kisha usiijibu. Nikipata jibu lako, nitajua hukuondoka.

Mkeo,
Mama Kidoti